Uzoefu wangu na libblkid, maktaba inayotambua kilichomo ndani ya diski

Kama unatumia Linux ya kawaida, libblkid unayo tayari, hata kama hujawahi kulisikia jina lake. Ni faili dogo la mfumo, libblkid.so.1, linalokuja na util-linux, kifurushi cha zana za msingi za Linux. Kazi yake ni kujibu swali moja: diski hii ina nini ndani? Mount (amri ya kufungua diski ili itumike) huiuliza, lsblk (ya kuorodhesha diski) na wipefs (ya kufuta alama zake) vilevile, hata udev, inayosimamia vifaa vinavyounganishwa. Mimi natengeneza kompyuta na kuuza diski zilizokwisha tumika, kwa hiyo swali hilo ndilo mkate wangu.

Ninachoipendea ni jinsi inavyolitafuta jibu. Haiamini yaliyoandikwa kwenye jedwali la partisheni. Inasoma baiti zenyewe na kusaka saini, yaani alama maalumu inayoonyesha diski imepangwa kwa mfumo gani. Kwa ext4, mfumo wa faili wa kawaida wa Linux, inakwenda moja kwa moja hadi baiti ya 1080 kutafuta 0xEF53. XFS, mfumo mwingine wa faili, inajitaja kwa herufi XFSB mwanzoni kabisa, na swap (sehemu ya diski inayosaidia RAM) huacha neno SWAPSPACE2 mwishoni mwa ukurasa wa kwanza. Saini ikipatikana, inachukua na UUID (namba ya kipekee ya utambulisho) pamoja na lebo. Ndiyo maana ukiandika UUID kwenye fstab (faili la orodha ya diski za kufunguliwa mashine inapowaka), diski iliyokuwa sda jana inaweza kuamka ikiitwa sdb baada ya kuhamishiwa kebo nyingine na mashine ikawaka bila shida.

Lakini sifa yake kubwa kwangu ni kwamba haibahatishi. Nilinunua diski iliyotoka kwenye seva, muuzaji akaniapia kwamba ameshaifomati kwa ext4. Kuiunganisha, mount ikagoma: eti humo mna mfumo wa faili zaidi ya mmoja. Na kweli. Diski ile iliwahi kutumika na ZFS, mfumo mwingine wa faili, na ZFS huweka lebo yake mara nne, mbili mwanzoni na mbili mwishoni, kila moja kilobaiti 256. Kufomati kwa ext4 hakukuzigusa zile za mwishoni.

Nikaendesha wipefs bila chaguo lolote. Wengi wanaiogopa kwa sababu ya jina, lakini hivyo ilivyo haifuti kitu, inaorodhesha tu. Ikanionyesha ext4 moja na mlolongo wa zfs_member, kila saini na mahali ilipolala. Nikazifuta za ZFS peke yake kwa -a -t zfs_member, nikaongeza --backup ili baiti zinazofutwa zibaki kwenye faili endapo mambo yangeharibika. Mount ikakubali papo hapo, ext4 ikiwa salama. Ingekuwa maktaba ya kuokota saini ya kwanza inayokutana nayo, ningeweza kuiuza diski ile na utata wake, na mteja angerudi akifoka.

Kwa hiyo nyota nne kati ya tano. Ya tano nimeizuia kwa sababu mbili.

Kwanza ni amri ya blkid yenyewe. Ukiiendesha bila sudo, inaweza kukupa majibu ya zamani kutoka kwenye akiba yake, au inyamaze kabisa bila kusema inanyamazia nini. Mtu mgeni atadhani diski imekufa. Dawa ni sudo blkid -p ikifuatiwa na jina la diski, ambayo inaruka akiba na kusoma diski upya. Mimi siku hizi siandiki nyingine.

Pili, na hili ndilo linaloniudhi, ni nakala. Ukinakili diski nzima kwa dd, amri inayonakili baiti kwa baiti, UUID nayo inanakiliwa, na ukiziacha zote mbili kwenye mashine moja blkid itakuorodheshea UUID ileile mara mbili bila hata neno la tahadhari. Ukifungua kwa UUID, hujui utapewa ipi. XFS angalau inakataa kufunguliwa mara ya pili. Ext4 haina habari. Zana zilizobeba jukumu la kumtambua kila mmoja zingepaswa kupiga kelele pacha wawili wanapojitokeza na jina moja. Kwa ext4, hakikisha nakala haijafunguliwa popote, endesha e2fsck -f, kisha tune2fs -U random. Kwa XFS ni xfs_admin -U generate. Fanya hivyo kabla hujaiwasha upya mashine, maana GRUB, programu inayouwasha mfumo, nayo mara nyingi hutafuta diski ya kuwashia kwa UUID hiyohiyo.