TAHADHARI: Anauza "usajili wa forodha" hapa Lamu, msimpe PIN ya KRA wala pesa

Ndugu zangu wafanyabiashara wa Amu, Shela, Matondoni na Mokowe, na nyinyi wa Malindi pia, kuna mtu anazunguka madukani na kwenye makundi ya WhatsApp akijiita wakala wa forodha. Anadai kila anayepeleka mzigo ng'ambo au kuagiza kutoka Dubai lazima "asajiliwe forodha", na kwamba usajili huo anaufanya yeye kwa shilingi 18,000. Akiona umesita hushuka hadi 12,000, mradi ulipe leo leo. Msimpe hata senti.

Fundi mmoja wa milango na masanduku huku Langoni ameshalipa. Ana mteja Uingereza na mwengine Italia, akatishwa kwamba bila nambari iitwayo EORI mzigo wake utazuiliwa huko na kupigwa mnada. Akatuma picha ya kitambulisho, PIN ya KRA (nambari ya mlipa kodi ya Mamlaka ya Mapato ya Kenya) na, hapa ndipo paniumapo, neno la siri la iTax, tovuti ya kodi ya KRA. Alicholetewa ni karatasi yenye nembo ya KRA na nambari inayoanza na GB. Tuliitia kwenye ukurasa wa serikali ya Uingereza wa kuhakiki nambari hizo, ikakataa.

EORI ni kitu cha kweli, na ndiyo sababu uongo huu unawapata watu makini. Ni nambari ya Umoja wa Ulaya na ya Uingereza ya kumtambulisha mfanyabiashara mbele ya forodha ya huko. KRA haitoi EORI. Kwa kawaida anayeihitaji ni mnunuzi wako, kwa kuwa yeye ndiye anayeingiza mzigo nchini kwake, na ya Uingereza hupewa bure na mamlaka ya kodi ya huko. Mteja akiwa mwenye duka, muulize kama anayo. Akinunua sanduku moja la kuweka nyumbani kwake, mara nyingi hata yeye haimhusu.

Upande wetu wa Kenya, kinachokutambulisha ni PIN, nayo husajiliwa bure kwenye iTax; ukikwama, nenda Huduma Centre. Tangazo la forodha lenyewe huingizwa kwenye iCMS, mfumo wa forodha wa KRA, na wakala mwenye leseni ya KRA. Leseni hiyo ni ya mwaka mmoja, mwisho wake 31 Desemba, kwa hiyo mtu wa kliaringi akikuonyesha leseni tazama mwaka, kisha litafute jina la kampuni yake kwenye orodha ya mawakala iliyo kwenye tovuti ya KRA. Wanaoagiza mzigo wana fomu ya IDF pia (tamko la mzigo unaoingizwa nchini), inayoombwa kupitia mfumo wa KenTrade, shirika la serikali, na ada yake ni asilimia 2.5 ya thamani ya mzigo. Pesa hizo ni za serikali na hulipwa kwa nambari ya malipo inayotolewa na mfumo, kwa M-Pesa ni paybill 222222. Huyu bwana anataka utume kwenye simu yenye jina la mtu. Akishasema hivyo, mwambie atoke dukani kwako.

Shilingi 18,000 zinauma, lakini mimi naogopa zaidi hilo neno la siri. Mwenye PIN yako na iTax yako anaweza kuingiza mizigo ya watu wengine kwa jina lako. Wewe Juni unapeleka ritani ya sufuri, na kwenye kumbukumbu za forodha unaonekana umeleta bidhaa. KRA hulinganisha hayo mawili, na atakayeitwa kujieleza ni wewe. Hata wakala uliyempa idhini kwa halali, Sheria ya Forodha ya Afrika Mashariki ya 2004 inakubebesha wewe mwenye mzigo dhamana ya anayoyafanya kwa niaba yako. (Wazee wetu wengi wamefunguliwa iTax na vijana wa saiba, na neno la siri limebaki kwenye daftari la saiba. Vijana, wasaidieni wazazi wenu walibadilishe.)

Ukiwa umeshampa neno la siri, badilisha neno la siri sasa hivi, kisha uangalie barua pepe na nambari ya simu zilizoandikwa kwenye iTax yako, maana akiweka barua pepe yake atalibadilisha tena kesho. Pesa zikiwa ndiyo kwanza zimetoka, ule ujumbe wa M-Pesa upeleke 456 kuomba zirudishwe. Fanya haraka kabla hajazitoa. Piga KRA 0711 099 999 uwaeleze kuwa PIN yako iko mikononi mwa mtu. Polisi wakupe nambari ya OB (daftari lao la matukio). Anayeogopa kujulikana atumie iWhistle, ukurasa wa KRA wa kuripoti maovu, haudai jina.

Fundi wetu ameshaandikisha taarifa polisi. Wengine mliopewa karatasi kama ile msiichane wala msifute mazungumzo ya WhatsApp, nambari ya simu iliyopokea pesa ndiyo polisi wanayoitafuta.