Taa ya buibui mrukaji: ipi ununue ukiwa Kigoma

Buibui mrukaji hategi utando akasubiri. Anawinda kwa macho, na anayo manane; mawili makubwa ya mbele ndiyo yanayopima umbali kabla hajaruka. Chombo unachomfugia kikiwa na giza hujifungia kwenye kifuko chake cha nyuzi, akamwacha nzi apite, na mwenyewe ukadhani anaumwa. Kwa hiyo dukani tafuta mwanga, joto liache.

Namba moja, bila kusita, ni balbu ya LED nyeupe ya wati 3 hadi 5. Soma boksi: iwe 5000K hadi 6500K (K ni kipimo cha rangi ya mwanga). Zile za 3000K, ambazo wauzaji huziita za njano, zinapendeza sebuleni lakini mwanga wake haufanani na wa mchana. Ifunge kwenye taa ya mezani yenye shingo ya kupinda, imulike kutoka juu, nje ya chombo. Mrukaji hushona kifuko chake juu kabisa, karibu na kifuniko, kwa hiyo joto la taa humfikia yeye kwanza. Weka kiganja hapo. Ukihisi joto, inua taa. Kama nyumbani mna sola, nunua ya volti 12, umeme ukikatika mchana haachwi gizani.

Ya pili ni taa ya utepe, nzuri kwa wenye vyombo vingi kwenye rafu moja. Chagua nyeupe tupu, zile za rangi nyingi ni mapambo. Gundi yake huachia upesi, ongeza gundi nyingine.

Taa ya kuchaji ni ya akiba tu. Balbu ya UVB, ya mionzi kama ya jua, haihitaji. Hela hiyo mnunulie chakula.

Za mwisho kabisa ni balbu nyekundu ya vifaranga, inayokausha chombo kidogo upesi, na taa za kuvulia dagaa zinazouzwa kwenye maduka ya uvuvi. Hizo zimetengenezwa kuita samaki ziwani usiku. Kummulikia mdudu aliye kwenye chombo cha sentimita 20 ni kumtesa. Jua la dirishani likipiga chombo moja kwa moja nalo huua.

Kwetu mchana huwa na urefu wa karibu saa 12 mwaka mzima. Washa saa moja asubuhi, zima saa moja jioni, usimwachie hata taa ndogo ya rangi. Ukinunua swichi ya kujizima, chukua yenye betri ndani, la sivyo kila umeme ukikatika itapoteza majira.