Sari ya kijani "ya Amma" toka Chennai, nimeivaa mara tatu sasa haya ndo maoni yangu

Nilimpeleka mama mdogo Chennai, India, kwa matibabu, siku ya kusubiri majibu nikachomoka kwenda T. Nagar kwenye maduka ya sari. Ukitamka tu kijani muuzaji anatabasamu, "ya Amma?" Amma ndo Jayalalithaa, yule staa wa filamu za Kitamil miaka ya 60 aliyecheza sana na staa mwenzake MGR (M.G. Ramachandran), 1991 akashika uongozi wa jimbo zima la Tamil Nadu. Kijani ilikuwa rangi yake jamani, hata alipofariki Desemba 2016 alilazwa na sari ya kijani.

Yangu ni Kanchipuram, zile sari za hariri za mji wa jina hilo, pindo damu ya mzee. Kwa wasiojua, pindo la hizi linafumwa kwa uzi wake kisha linaunganishwa na mwili wa sari palepale kwenye mtambo, nimevuta weee, halitoki. Rupia 14,000, na usijisumbue kuomba punguzo, unaoneshwa tu sari ya bei ya chini mpaka unaona aibu mwenyewe.

Ubaya wake ni uzito. Nimeivaa harusini Dar mwezi wa pili, feni imekufa, nilitaka kulia.

Halafu nikajitia ujuaji, nikataka na ile kepu (ya mabegani, sio kofia) Amma aliyokuwa anaitupia juu ya sari miaka ya 90, pana, inafunika mabega yote, mpaka watu wakawa wanasema eti ndani ina kinga ya risasi. Fundi nikampa picha, akanitolea joho la mahafali. Mwili wangu mdogo ule mzigo sio saizi yangu, yeye alikuwa na umbo la kuubeba na pia nani angemwambia haijakaa vizuri?

Kwa mavazi Amma alikuwa hatari, polisi walipopekua kwake Poes Garden mwaka 1996 zilihesabiwa sari zaidi ya 10,000 na viatu jozi 750. Baada ya ile aibu akaacha kuvaa dhahabu miaka kibao, na mi naona hapo ndo alipendeza zaidi, sari tupu na saa mkononi. Nimejaribu hivyohivyo mara ya tatu, bila mkufu bila kepu, watu wakawa wananisimamisha kuuliza nimeitoa wapi.

Naipa 8 kati ya 10. Kwa sasa iko kwa mama mdogo, aliiomba ya sendi-ofu moja tu, miezi miwili sasa hajairudisha.