Simu ya lipa polepole ilinifungia kwa matanga

Mambo ya kamera na betri mtatafuta wenyewe, mimi nimekuja kuongea vile hii simu ilinifungia kwa matanga ya mjomba, na mimi ndiye mweka hazina, mchango wote unaingia kwa laini yangu, orodha ya nani ametuma ngapi iko kwa WhatsApp.

Nilichukua kwa duka fulani hapo Kondele, unaacha dipoziti halafu mia moja kila siku. Kila siku jameni, hata landilodi hunipa mwezi! Sasa mtu amefiwa, nani anakumbuka mia? Zikapita siku tatu. Tuko mochari tunataka kulipa bili tupewe mwili, natoa simu, imejifunga, ati lipa ndio uendelee kuifurahia. Iliyobaki ni namba ya dharura tu, na dharura yetu ilikuwa kwa friji.

Nikaazima simu nikawapigia. Msichana wa huko, sauti tamu kama asali, "Pole sana kwa msiba, lakini sistimu haioni msiba." Nikamwambia sawa madam, na wewe unauona? Akaniuliza kama kuna kitu ingine angenisaidia nayo. Kitu ingine!

Basi nikachomoa laini nikaweka kwa mulika mwizi ya shangazi, nikalipa mia tatu. Za nani? Si za jeneza, mimi ningetoa wapi. Lakini marehemu alikuwa mtu wa kusaidia watu, na kusema ukweli, kurudisha laini tu hivi simu ikafunguka, hapo siwezi kuwasingizia, hapo wako chonjo. Jioni shangazi akapiga hesabu akauliza mia tatu iko wapi, nikasema ni makato ya kutuma na kutoa. Akawalaani hao watu wa makato, nami nikamsaidia kulaani.

Nilikuwa nawapa nyota moja. Halafu picha za mazishi zikatoka safi mpaka watu wa Nairobi wakauliza ni simu gani, na kumbe ukileta mtu unapunguziwa siku tano. Nimeshaleta watatu, mmoja ni kijana wa marehemu. Nyota nne.

Hapana, tatu. Hao ni wezi, kama uko Kisumu usinunue hiyo kitu. Lakini roho ikikataa kabisa, niandikie kwanza kabla hujaingia dukani, usiende tu hivi hivi.