Uzoefu wangu wa kudai fidia ya kifo cha ajali ya barabarani: miezi 26 ya kusubiri uamuzi

Kaka yangu aligongwa na lori akivuka barabara kwa miguu, akafariki kabla ya kufikishwa hospitalini. Aliacha mke na watoto wawili waliomtegemea kwa kila kitu, na kwa kuwa niliteuliwa kuwa msimamizi wa mirathi, ni mimi niliyefungua madai katika kampuni ya bima ambako mwenye lori alikuwa amekata bima yake ya lazima.

Nilipokelewa kwa heshima. Niliwasilisha ripoti ya polisi pamoja na ramani ya eneo la ajali, ripoti ya uchunguzi wa maiti, hati ya kifo na hati za mshahara, nikapewa namba ya madai. Baada ya wiki sita niliandikiwa kwamba cheti cha ndoa kinahitajika. Nilipokipeleka, ilipita miezi miwili ndipo wakaomba vyeti vya kuzaliwa vya watoto, na nilipovipeleka hivyo, wakataka barua ya mwajiri. Sipingi uhakiki wenyewe, kwa sababu wapo wanaojitokeza wakidai kuwa wategemezi ilhali sivyo, na fidia ikishalipwa kwa asiyestahili ni vigumu kuirudisha. Ninachopinga ni kuombwa nyaraka moja baada ya nyingine wakati orodha yote ingeweza kuandikwa siku ile ya kwanza.

Kisha likaja jibu lililotugharimu miezi 11: kwamba faili haliwezi kuendelea hadi kesi ya jinai ya dereva ihukumiwe. Nilikubali kwa kutojua. Wakili ndiye aliyenieleza baadaye kwamba katika jinai kosa huthibitishwa pasipo shaka, ilhali katika fidia hupimwa upande upi una uzito zaidi wa ushahidi, hivyo dereva anaweza kuachiwa huru na familia bado ikalipwa. Hukumu ya kumtia hatiani ingetusaidia, ni kweli, lakini kampuni ilikuwa na ripoti ya polisi na maelezo ya mashahidi wawili tangu mwanzo.

Katikati ya kusubiri huko, shemeji alipigiwa simu akaahidiwa malipo ya haraka endapo angetia sahihi hati ya kumaliza dai lote. Kodi ya nyumba ilikuwa imelimbikizwa, na karibu akubali. Tulipokuja kukokotoa tuliona kwamba kiasi hicho hakikufika hata theluthi ya kile alichostahili. Nimekuwa nikilifikiria jambo hili mara nyingi: kila mwezi wa kuchelewa unampunguzia mjane nguvu ya kukataa.

Hesabu yenyewe haikuwa ngumu. Huchukuliwa kipato cha marehemu kwa mwaka, hutolewa sehemu aliyokuwa akiitumia mwenyewe, kisha kinachobaki huzidishwa kwa idadi ya miaka inayokadiriwa kwamba angeendelea kuitunza familia. Mtathmini alipokabidhiwa faili hatimaye, kazi yake ilijaa ukurasa mmoja. Ndiyo maana sikubali hoja kwamba madai ya vifo ni mazito mno kuwekewa muda. Sheria ya Umoja wa Ulaya huitaka kampuni ya bima itoe pendekezo la malipo au jibu lenye sababu ndani ya miezi 3 tangu dai liwasilishwe.

Tulilipwa kiasi kamili, bila riba kwa muda wote tuliosubiri. Afisa madai wa mwisho aliyeshika faili alikuwa makini, na kwa ajili yake naipa huduma hii nyota mbili badala ya moja. Kwa familia inayoanza safari hii: ombeni orodha kamili ya nyaraka kwa maandishi, kila mnachowasilisha kigongwe muhuri wenye tarehe, na muulize mapema ukomo wa muda wa kufungua shauri mahakamani, maana katika nchi nyingi muda huo huendelea kuhesabika hata mnapokuwa kwenye mazungumzo na kampuni. Sisi tulipomwona wakili, zilikuwa zimebaki siku 19.