Baba na Mwana: Defending Jacob au The Road?

Katika riwaya hizi mbili, baba yuko tayari kwa lolote ili kumkinga mwanawe. Defending Jacob (2012) ya William Landay, aliyewahi kuwa mwendesha mashtaka, inamhusu Andy Barber, naye mwendesha mashtaka huko Massachusetts. Mwanawe wa miaka 14 anashtakiwa kwa kumuua mwanafunzi mwenzake. Kesi inakufanya usiweke kitabu chini, lakini kinachouma zaidi ni swali ambalo Andy hataki kulikabili: je, namjua kweli huyu mtoto? Tena kwa miaka mingi ameficha kwamba babake mzazi amefungwa kwa mauaji. Ghafla ukoo wenyewe unakuwa kama ushahidi.

The Road (2006) ya Cormac McCarthy, iliyotwaa Tuzo ya Pulitzer mwaka 2007, haina kesi. Baba na mwana wasiotajwa majina wanatembea kuelekea kusini katika dunia iliyoungua. Hapa mtoto hashukiwi. Yeye ndiye anayemkumbusha baba utu.

Ukitaka fumbo, anza na Landay. Mimi namchagua McCarthy: maneno machache wanayosemezana wale wawili njiani yalinigusa kuliko mabishano yote ya mahakamani.