Kutafuta utani katika vitabu vya rejea vya anthropolojia

Mwaka niliomaliza shahada ya kwanza nilihudhuria msiba wa mzee mmoja wa Kizaramo huko Kisarawe, na jambo nililoliona pale ndilo limekuwa kipimo changu cha kila kitabu cha rejea cha anthropolojia ninachokifungua. Jeneza lilikuwa limekwisha inuliwa mabegani kuelekea makaburini, mara akatokea mtani wa marehemu, Mnyamwezi, akajilaza chali katikati ya njia na kutangaza kwamba mzee alikuwa na deni lake la kuku wawili, kwa hiyo hapiti mtu mpaka alipwe. Wafiwa, ambao muda mfupi kabla walikuwa wakilia, wakacheka, wakachangishana noti na sarafu na kumwekea kifuani. Akainuka, akajipangusa mchanga, akaingiza bega lake chini ya jeneza pamoja na wengine. Hakuna aliyeudhika, kwa sababu mtani hakasirikiwi.

Swali langu ni hili: mwanafunzi aliyeliona jambo hilo kwa macho yake, akirudi chuoni na kufungua vitabu vya rejea, atasaidiwa kwa kiasi gani kulielewa? Nimeviweka vitabu kadhaa mbele ya swali hilo kwa miaka mingi sasa, na majibu yake hayalingani hata kidogo.

Kitabu ninachokipa nafasi ya kwanza mezani ni Encyclopedia of Social and Cultural Anthropology, kilichohaririwa na Alan Barnard na Jonathan Spencer na kutolewa na Routledge mwaka 1996, kisha kikapata toleo la pili mwaka 2010. Ni juzuu moja, nene lakini unaloweza kulibeba, lenye makala zilizopangwa kwa alfabeti, orodha ya istilahi na maana zake, na maelezo mafupi ya maisha ya wanaanthropolojia mashuhuri. Ubora wake mkubwa ni kwamba hakiishii kwenye fasili. Makala zake humweleza msomaji ni nani waliobishana juu ya dhana fulani, mjadala umefika wapi, na asome nini baada ya hapo. Kwa njia hiyo mwanafunzi hujifunza kwamba nadharia ina historia, jambo ambalo mihadhara yetu mara nyingi huliruka kwa haraka ya kumaliza mtaala.

Anayefuata uzi wa utani kwa njia hiyo hufika kwa A. R. Radcliffe-Brown, mwanaanthropolojia wa Uingereza, ambaye mwaka 1940 alichapisha makala iliyoweka msingi wa mjadala mzima. Hoja yake ilikuwa kwamba pale ambapo watu wameunganishwa na jambo moja na kutenganishwa na jingine, kwa mfano mtu na ukoo wa mkewe, jamii ina namna mbili za kuzuia ugomvi: ama waheshimiane kupita kiasi hata kuepukana, kama mwanamume na mama mkwe wake, ama wapewe ruhusa ya kukejeliana bila kinyongo, kama mashemeji. Nilipoisoma hoja hiyo nilimkumbuka bibi yangu akimwita kaka yangu mume wake mbele za watu, na kwa mara ya kwanza niliona kwamba mzaha wa nyumbani kwetu ulikuwa na muundo.

Hata hivyo kitabu hicho kina kasoro ambayo kwa msomaji wa Kiswahili si ndogo. Vidahizo vyake, yaani maneno yanayotangulia kila makala, vimepangwa kwa istilahi za Kiingereza, kwa hiyo anayetafuta neno utani kwenye herufi U hatapata mlango wa kuingilia. Ni lazima kwanza ajue kwamba alichokiona Kisarawe kimewekwa chini ya jina la kitaaluma la lugha nyingine, na hapo ndipo wanafunzi wengi ninaowasaidia hukwama na kudhani kwamba jambo lao halimo.

Kwa hiyo kitabu hicho kinahitaji mwenzake. Kwa watu wa mikoa ya Pwani na Morogoro, mwenzake ni The Matrilineal Peoples of Eastern Tanzania cha T. O. Beidelman, kilichotolewa mwaka 1967 katika mfululizo wa tafiti za kiethnografia wa International African Institute ya London, ambao mhariri wake alikuwa Daryll Forde. Humo wamo Wazaramo, Waluguru, Wakaguru, Wakwere na majirani zao, watu wanaohesabu ukoo kwa upande wa mama. Ni kitabu chembamba na kikavu, lakini orodha yake ya maandishi ya awali ni hazina kwa anayeanza utafiti. Anayekitumia awe na tahadhari moja. Mpangilio wa kulishughulikia kila kabila peke yake humfanya msomaji asahau kwamba watu hawa wameoana, wamehamiana na kufanya biashara kwa vizazi vingi, wakati utani wenyewe ni uhusiano unaovuka mpaka wa kabila. Mnyamwezi yule aliyelala njiani alikuwa mrithi wa karne ya misafara ya wapagazi kati ya Unyamwezi na pwani, na historia hiyo haiwezi kukaa ndani ya sura ya kabila moja.

Aliyeuona utani kwa upana huo mapema alikuwa R. E. Moreau, mtaalamu wa ndege aliyefanya kazi katika kituo cha utafiti cha Amani, milima ya Usambara. Makala yake ya mwaka 1941 katika jarida la Tanganyika Notes and Records ilitafuta ni makabila gani yaliyokuwa na utani na yapi. Kwangu mimi seti ya jarida hilo ni kitabu cha rejea kamili, na chuo chochote cha Tanzania kinachofundisha sayansi za jamii bila kuwa nalo kinawanyima wanafunzi wake haki yao.

Kwa Kiswahili chenyewe, hakuna kinachoshinda Desturi za Wasuaheli, kilichochapishwa Göttingen mwaka 1903 kwa jina la mhariri wake, Carl Velten, ingawa mwandishi mkuu alikuwa Mtoro bin Mwinyi Bakari, mtu wa Bagamoyo aliyefundisha Kiswahili Berlin. Tafsiri ya Kiingereza ya mwaka 1981 ilimrudishia Mtoro jina lake jaladani, na ilistahili. Uzazi, jando, ndoa, pepo na utumwa vyote vimeelezwa na mtu aliyekuwa ndani ya desturi hizo. Kando yake ninaweka kamusi ya Kiswahili na Kifaransa ya Charles Sacleux ya mwaka 1939, iliyotolewa Paris na taasisi ya ethnolojia. Kamusi hiyo hutofautisha lahaja za Kiamu, Kimvita na Kiunguja, na hutoa majina ya kisayansi ya mimea. Asiyejua Kifaransa asiiogope. Kamusi ndogo ya Kifaransa inatosha kuifungua.

Ensaiklopedia kubwa za sayansi za jamii, ile ya juzuu 17 ya mwaka 1968 na ile ya juzuu 26 ya mwaka 2001, ni za maktaba, si za mfuko wa mtu. Katika maktaba moja niliyosomea, kurasa za makala ya ukoo zilikuwa zimekatwa kwa wembe, na nilibaki nimeshika kingo zake nyembamba kwenye mshono, nikiwa na hasira ambayo haijaniisha mpaka leo.

Mwanafunzi asiye na fedha aanze na Open Encyclopedia of Anthropology, iliyoanzia Cambridge na ambayo husomwa bure kwenye intaneti. Makala zake ni ndefu, zimepitiwa na wataalamu kabla ya kutolewa, na lugha yake si ngumu. Asome ile ya zawadi iliyoandikwa na Yunxiang Yan huku akikumbuka daftari la michango ya harusi ya mtaani kwao, nani aliandikiwa ahadi, nani alilipa na nani alikumbushwa. Akipata fedha za kitabu kimoja tu, anunue cha Barnard na Spencer, na ukurasa wake mtupu wa mwanzo autumie kuandika kwa mkono wake faharasa ya Kiswahili, neno kwa neno, pamoja na namba ya ukurasa. Faharasa yangu inaanza na utani, na sasa imefika maneno 64.